Kwa Matumizi ya Nje Tu

"Shangazi Kapa, na kesho itakuwaje?"

"Kesho itakuwa pombe."

"Na leo?"

"Leo bado ni chakula. Unataka ngapi?"

"Kama ni chakula, nipe sita. Nina njaa ya siku tatu."

Foleni ilicheka, na mvuke wa vicheko ukapita mbele ya kidirisha cha kibanda. Kapitolina Yegorovna alitoa chupa sita, mbilimbili, akazisukuma nje. Mkono uliozipokea ulikuwa na vidole vinne. Huyo ni Kuzma, mchomeleaji. Kidole cha tano kilibaki kiwandani.

Nyuso hakuziona. Kidirisha kilikuwa chini, usawa wa kiuno, na mteja aliyetaka kuongea naye ilibidi ainame kama anayechungulia tanuri. Wengi hawakuinama. Kwa miaka kumi na moja Kapitolina alikuwa amewauzia watu wote wa kituo cha tramu cha Kiwandani, na aliwajua kwa mikono na videvu: mkono wenye mchoro wa nanga, mkono wenye kucha za rangi ya cheri, mkono wa mwalimu wa hesabu wenye chaki hata siku za likizo.

Ilikuwa tarehe thelathini na moja Desemba, saa nane mchana, baridi nyuzi ishirini na mbili chini ya sifuri. Kuanzia kesho yake, bia ingehesabiwa pombe mbele ya sheria, na vibanda visingeruhusiwa kuiuza. Serikali ilikuwa imechukua miaka mingi kugundua kwamba bia inalewesha. Kabla ya hapo ilikaa rafu moja na kvasi, kinywaji cha mkate kisicholewesha, na limonadi na biskuti. Wanaume waliinywa saa moja asubuhi wakienda kazini. Wasichana waliinywa wakisukuma vigari vya watoto. Mtu alikuwa akisema "mimi sinywi" huku ameshika chupa, na hakuwa anadanganya, kwa sababu kunywa ni kunywa vodka. Bia ni mkate uliotiwa maji.

Mkono uliofuata ulivaa glavu ya sufu aliyoifuma Kapitolina mwenyewe.

"Mbili, tafadhali, bibi muuzaji."

"Venya! Si ningekuletea nyumbani?"

"Foleni ni foleni," akasema mumewe kutoka juu, asikoonekana. "Na risiti, tafadhali."

Nyuma yake mtu akapaza sauti: "Venyamin Fomich, wewe si umetiwa kufuli? Utakufa mbele yetu!"

"Nimefungiwa pombe," akajibu Venyamin kwa utulivu. "Hii ni chakula hadi usiku wa leo. Jioni namaliza mbili za mwisho, basi."

Walimcheka, lakini Kapitolina hakucheka. Alijua kwamba hatanii.

Venyamin alikuwa mkaguzi wa ubora katika kiwanda cha beringi kwa miaka ishirini na tisa. Gololi zilipita mbele yake kwenye trei, maelfu kwa siku, na jicho lake liliona mkwaruzo mwembamba kuliko unywele bila lenzi. Iliyo nzima aliipitishia cheti na muhuri. Mbovu aliitenga, na kwenye cheti chake alipiga mstari mmoja kwa kalamu nyekundu, kona hadi kona. Baada ya mstari ule hata mkurugenzi hakubishana. Nyumbani alikuwa vilevile. Kitu chenye karatasi kilikuwepo. Kisicho na karatasi kilikuwa uvumi.

Na alikunywa. Vodka, miaka mingi, hadi siku Kapitolina alipomkokota kwa daktari mmoja wa mjini anayefunga walevi. Daktari alimchoma sindano begani, akamtazama machoni, akasema: "Venyamin Fomich, kuanzia sasa ukionja pombe, moyo utasimama." Akampa karatasi yenye muhuri. Karatasi ile ilikaa kwenye kabati la vioo kando ya vikombe vya harusi, na kwa miaka sita Venyamin hakugusa vodka, divai, wala chokoleti yenye konyagi ndani. Kila jioni alikunywa bia mbili na samaki mkavu. Moyo ulidunda. Bia haikuwa pombe, moyo wake ulijua hivyo.

Jioni ile ya tarehe thelathini na moja alikunywa mbili za mwisho saa kumi na mbili kamili. Aliosha glasi, akaifuta, akaipindua kifudifudi juu ya kabati. Hakuigusa tena.

Wiki mbili za kwanza Kapitolina aliona kama ameshinda bahati nasibu. Mume alikula supu ya kabichi sahani mbilimbili. Alitengeneza bawaba ya choo iliyolia tangu masika. Kisha akaanza kuzunguka ndani ya nyumba. Alilala saa tatu, akaamka, akakaa jikoni akipanga vijiti vya kiberiti kwa urefu. Mikono ilitetemeka. "Itapita," alisema.

Kibandani rafu ya bia ilikaa tupu hadi katikati ya Januari. Ndipo mwenye kibanda, Stanislav Olegovich, akaja na gari lake, akaingiza maboksi kwa mlango wa nyuma huku akipuliza vidole.

"Panga pale ilipokuwa bia, Kapitolina Yegorovna. Safu ya mbele, macho yaone."

Zilikuwa chupa ndogo za mililita mia, za kioo cha kahawia, zenye picha ya matunda mekundu ya mti wa miiba. Kapitolina alisogeza miwani. *Losheni ya kuogea. Spiriti asilimia sabini na tano. Kwa matumizi ya nje tu.*

"Hii nini?"

"Vipodozi."

"Stanislav Olegovich, mimi nina miaka hamsini na tatu. Usinifanye mjinga kibandani mwangu."

"Kibandani *mwangu*," akasema mwenye kibanda, bila ubaya. "Soma cheti. Vipodozi. Saa ishirini na nne, popote, bila leseni. Bia asilimia nne ni pombe, imekatazwa. Hii ni sabini na tano, si pombe, imeruhusiwa. Mimi sikutunga sheria. Ukiulizwa, unaonyesha karatasi hii. Chukua nakala mbili."

"Watu watainywa."

"Imeandikwa wasinywe."

Kapitolina alibakiza miaka miwili apate pensheni. Alizipanga. Siku ya kwanza ziliuzwa thelathini na tatu. Mikono ilikuwa ileile: ya nanga, ya vidole vinne. Walisema, "Shangazi Kapa, mbili za kuogea," na kwenye foleni hakuna aliyecheka tena.

Jioni ile aliingia nyumbani na viatu vyenye theluji, akaitupa nakala ya cheti mezani mbele ya mumewe.

"Hebu soma! Soma upuuzi huu! Sabini na tano, na wanasema eti si pombe! Wamekataza bia, wanauza hii mchana kweupe, na mimi ndiye ninayeuza!"

Alizungumza hadi viazi vikaungua. Alitaka tu mtu wa kukasirika pamoja naye. Venyamin alivaa miwani, akaweka kidole kwenye mstari wa kwanza, akasoma hadi wa mwisho. Kisha akaikunja karatasi mara mbili, akaitia mfuko wa shati.

"Iko sawa," akasema.

"Nini kiko sawa?"

"Karatasi."

Hakumwelewa. Hilo ndilo alilokuja kujilaumu nalo baadaye, kwamba kwa miaka thelathini ya ndoa alijua mtu huyu anasoma vipi karatasi, na jioni ile akajishughulisha na viazi.

Alielewa Jumanne moja ya Februari, alipotafuta sabuni ya unga nyuma ya beseni. Kule nyuma chupa ndogo zilikuwa zimesimama mistari miwili, tupu, zimeoshwa, lebo zote zimetazama mbele. Alihesabu kumi na tisa. Za mstari wa nyuma zilikuwa na vifuniko vya kahawia. Za mbele, sita, zilikuwa na vifuniko vyeupe na lebo zilizobandikwa upande. Huo ulikuwa mzigo mpya, ulioletwa Jumamosi. Venyamin alikuwa amezinunua kwa Lyusya, aliyepokezana zamu na Kapitolina kibandani, siku ambazo Kapitolina hayupo.

"Venya. Hii nini?"

"Losheni."

"Naona losheni! Ya kuoga wapi? Nyumba hii haina bafu, ina bomba na beseni la zinki!"

"Usipige kelele, majirani wanasikia. Sijavunja kitu, Kapa. Sijagusa pombe tangu tarehe thelathini na moja. Cheti uliniletea mwenyewe."

"Nilikuletea ukicheke!"

"Nilikikagua. Muhuri upo. Sahihi ipo. Hakuna neno pombe popote."

"Sabini na tano, Venya! Vodka ni arobaini!"

"Vodka ni arobaini na inaitwa pombe. Hii ni sabini na tano na haiitwi. Si mimi niliyepanga." Alisema hivyo kwa huzuni ya mtu mwadilifu. "Na moyo unadunda. Sikiliza mwenyewe."

Kapitolina alikaa kwenye ukingo wa beseni. Kisha akasema maneno ambayo miaka sita iliyopita angemchapa mtu kwa kuyasema.

"Rudi kwenye bia. Nakuomba. Mbili kwa siku, kama zamani. Tatu."

Uso wa mumewe ulibadilika. Aliogopa kweli.

"Unataka nife? Bia ni pombe sasa. Nina karatasi ya daktari kabatini. Kapa, unasema nini?"

Venyamin alipapasa ukuta akielekea jikoni.

"Na ile balbu ubadilishe," akasema. "Haina nguvu kabisa."

Kapitolina alikuwa ameibadilisha Alhamisi iliyopita. Aliibadilisha tena.

Jumatano ilikuwa zamu yake. Asubuhi, kabla ya kufungua, alipita dukani, duka kubwa lenye kuta na mlango na leseni, akanunua bia mbili, zilezile alizozipenda Venya. Mpango wake ulikuwa wa kipuuzi na alijua hivyo: angeibandua lebo, angebandika ya kvasi. Mradi akinywa. Alitia chupa kwenye mfuko wake wa chakula, chini ya kaunta, kati ya soseji na soksi.

Saa nne mlango wa nyuma ukagongwa. Alikuwa inspekta wa biashara, binti wa miaka ishirini na saba hivi, kola ya manyoya, pua nyekundu kwa baridi, na nyuma yake polisi mmoja aliyetafuna mbegu za alizeti. Binti alikuwa na adabu. Alitazama rafu, akatazama hita, akatazama chini ya kaunta.

"Mfuko huu wa nani?"

"Wangu. Chakula changu."

"Kuna bia ndani."

"Nimenunua dukani. Risiti hii hapa, ya saa mbili asubuhi. Ni ya mume wangu."

"Iko ndani ya kibanda, mama. Kibanda hakiruhusiwi kuwa na pombe."

"Na hizi?" Kapitolina alipiga rafu kwa kiganja, na chupa mia mbili zikalia pamoja. "Hizi nini?"

Binti alizitazama kidogo tu.

"Vipodozi. Una cheti?"

"Ninacho! Asilimia sabini na tano!"

"Ni kwa matumizi ya nje."

"Nje wapi, binti? Hawa wanaoga wapi? Hapa kituoni? Nyuzi ishirini chini ya sifuri, wanavua suruali wanajipaka losheni wakingoja tramu?"

Polisi alikohoa ganda la alizeti. Binti aliinama juu ya fomu yake.

"Mimi nakagua kilichoandikwa," akasema polepole. "Naomba jina kamili."

Wakati huo mkono uliingia dirishani, mkono wa nanga, ukafungua vidole. Sarafu zilikuwa zimeganda kwenye kiganja.

"Shangazi Kapa. Mbili za kuogea."

Inspekta alisogea pembeni ili kumpisha muuzaji amhudumie mteja.

Kapitolina hakusahau kitendo kile kidogo, mguu mmoja kurudi nyuma, kwa heshima. Hakusogea. Mkono ulibaki pale.

"Kuzma yuko wapi?" akauliza. "Sijaona mkono wake tangu Jumatatu."

"Kuzma amelala tu," mkono ukajibu. "Anasema macho yamejaa ukungu. Uzee. Nipe basi, shangazi, naganda hapa."

Alitazama rafu. Vifuniko vyeupe, vyote. Akakumbuka balbu, ile ambayo Venya alisema haina nguvu.

"Hakuna," akasema, akakishusha kidirisha.

"Unaziona hapo!"

"Hakuna! Nenda mwambie kila mtu: zenye kifuniko cheupe wasinywe. Mwambie Kuzma aende hospitali, sasa hivi, ukambebe kama hawezi!"

Inspekta alizifunga bia mbili kwenye mfuko wa plastiki, akabandika lakiri, akampa Kapitolina fomu ya kutia sahihi. Alitia, nao wakaondoka. Kisha akachukua chupa moja ya kifuniko cheupe kutoka kwenye rafu, akaweka bei yake kwenye droo ya mauzo, maana hakuwa mwizi, akatundika kibao cha TUNAHESABU MALI na kufunga mlango wa nyuma kwa kufuli mbili. Funguo alizitia kifuani. Njiani akaingia tena duka lile kubwa, akapanga foleni, akanunua bia nyingine.

Nje mbingu ilikuwa wazi, ya buluu, theluji ya zamani ikimeta hadi macho yakauma.

Venyamin alikuwa jikoni, amekaa kuelekea dirishani, amenyoa vizuri shavu moja tu.

"Wewe? Mbona mapema? Na theluji hii!"

"Theluji ipi?"

"Inavyoanguka. Tangu asubuhi siuoni hata mti wa jirani."

Kapitolina hakuvua koti. Aliweka sahani mbili za vikombe mezani. Kwenye moja alimimina bia, povu likapanda na kushuka. Kwenye nyingine akamimina losheni. Kisha akavuta pazia zito, jikoni kukawa kama jioni.

"Venya, wewe ni mkaguzi," akasema. "Sitaki kubishana nawe. Weka karatasi zako kando, kagua kitu chenyewe. Kama vodka ya harusi, alivyokuwa akiipima baba yako kwa moto: ikiwaka, ni pombe kweli."

Venyamin alinyooka kidogo kwenye kiti. Kazi ilimkaza mgongo.

"Haya. Washa."

Kijiti cha kwanza cha kiberiti Kapitolina alikigusisha kwenye uso wa bia. Kilifoka, kikazima, moshi mwembamba ukapanda. Kijiti cha pili alikipeleka kwenye losheni. Moto uliruka kabla hajafika. Ukatambaa hadi ukingo wa sahani na kubaki pale, wa buluu, bila sauti, ukipumua.

Venyamin alikuwa ameinama, viwiko mezani, kama alivyoinamia trei za gololi miaka ishirini na tisa. Alitazama. Alisubiri.

"Bia haiwaki," akasema. "Nimesikia. Sasa washa hiyo nyingine."

Kapitolina alishika ukingo wa meza.

"Kapa? Washa basi."

Aliuchukua mkono wa mumewe, akaubeba juu ya meza, akaushusha polepole juu ya sahani iliyowaka. Ulikaa pale sekunde moja. Kisha ukaruka nyuma.

Moto uliendelea.

"Rangi gani?" akauliza Venyamin.

"Buluu."

"Muda wote huu?"

"Muda wote."

Aligeuza uso kuelekea pazia, akaurudisha. Mkono ulipanda mfukoni mwa shati, ukatoa karatasi iliyokunjwa mara mbili, ukaikunjua na kuilaza mezani, ukaipapasa kona zote nne.

"Kalamu nyekundu," akasema. "Droo ya kwanza. Nipe."

Alimpa. Kwa mkono mwingine alikuwa ameshapiga simu ya gari la wagonjwa. Iliita mara sita kabla mwanamke mwenye sauti ya kuchoka hajaipokea, akauliza anwani, akauliza umri.

"Amekunywa? Pombe gani?"

"Andika sumu," akasema Kapitolina. "Chupa zenye kifuniko cheupe, kituo cha tramu cha Kiwandani. Na hayuko peke yake. Andika hilo pia."

"Mama, nauliza ni pombe gani, nijaze fomu."

Mezani Venyamin alikuwa ameweka ncha ya kalamu kwenye kona ya juu ya cheti. Alibonyeza kwa nguvu, akaanza kuvuta, taratibu, kwa mkono usiotetemeka hata kidogo. Mstari ulipita juu ya maandishi, juu ya sahihi, juu ya muhuri, ukafika kona ya chini, ukavuka karatasi, ukaendelea juu ya kitambaa cha plastiki cha meza, mwekundu, ukinyooka kuelekea ukingo.